Lita Tano za Mwisho

Katika mtaa wetu wa Kampemba bado wako watu wanaomkumbuka mume wangu kwa jina la Panne Sèche. Ndivyo Wafaransa wanavyosema gari likizimika njiani kwa kukosa petroli. Jina hilo lilianza kwa wanawake wa sokoni, wanafunzi wake wakalidaka, na siku tuliyomzika nililisikia nyuma yangu likitamkwa kwa upole, kama jina alilobatizwa nalo. Mume wangu aliitwa Gérard Tshiswaka. Alikuwa mwalimu wa hesabu. Alizaliwa Luputa, Kasai, akaletwa mji huu wa Lubumbashi mgongoni mwa mama yake, wakati mji wenyewe ungali unaitwa Élisabethville. Mimi nilisomeshwa na masista, kalamu hainishindi, na sitaki wajukuu wangu wapokee jina la sokoni mahali pa jina la babu yao.

Miaka ile ya sabini majina ya ubatizo yalikuwa yamekatazwa na serikali. Shuleni alikuwa Citoyen Tshiswaka, yaani Mwananchi Tshiswaka, na hakuna aliyethubutu kusema zaidi. Nyumbani nilimwita Gérard, nikiwa kwanza nimefunga dirisha. Mbele ya watu nilimwita Baba Delphine, kwa jina la binti yetu mkubwa, na hilo halikumkasirisha mkuu yeyote wa chama tawala.

Gari letu lilikuwa Volkswagen kuukuu, ile yenye mgongo kama wa kobe, aliyoachiwa na mwalimu mmoja Mbelgiji aliyekuwa anarudi kwao. Magari ya namna ile, yale ya zamani zaidi, hayakuwa na mshale wa kuonyesha petroli. Dereva alikuwa na mambo mawili tu ya kumsaidia. La kwanza lilikuwa bomba dogo chini ya dashibodi, karibu na mguu, tulilokuwa tukiliita robine. Petroli ikipungua, injini inakohoa; dereva anasukuma robine upande wa akiba, na gari linapata lita tano za mwisho za kumfikisha penye pampu. La pili ni kijiti. Unafungua boneti ya mbele, unafungua kifuniko cha tangi, unatumbukiza kijiti hadi chini, unakitoa, unasoma pale ulowevu ulipoishia.

Kijiti cha Gérard kilikuwa rula ya mbao ya shuleni. Alikikata alama mwenyewe kwa kisu: tano, kumi, ishirini, thelathini, arobaini. Alipima kila asubuhi kabla ya kuwasha, hata kama tunakwenda tu kanisani. Majirani walimcheka. Yeye aliwachekea pia, akaendelea kupima.

Darasani alilifanya tangi hilo kuwa somo. "Tangi ya Volkswagen inachukua lita makumi ine," alikuwa akiwauliza wanafunzi. "Mutu anaenda Likasi. Ataenda na ngapi?" Watoto wote walijibu arobaini. "Hapana. Makumi tatu na tano. Ile tano ya mwisho haiko yako. Iko ya mugonjwa wa usiku, iko ya mugeni wa mvua. Ukiitumia leo, kesho unaanza safari na deni." Aliwafundisha pia kutojaza hadi shingoni, kwa sababu petroli hupanda jua likiwaka na kumwagika; kuzima injini kabla ya kufungua kifuniko; na kutongoja tangi likauke, maana takataka hukaa chini nazo huziba njia. Na zaidi ya yote, ukisha kutia petroli, rudisha robine mahali pake. Ukiiacha upande wa akiba, gari halitakohoa tena kukuonya. Litakunywa mpaka tone la mwisho likiwa kimya, kisha litasimama.

Ninaeleza haya yote kwa urefu kwa sababu watu walikuja kusema kwamba mume wangu hakujua gari lake.

Jirani yetu wa karibu alikuwa Amadi, fundi cherehani, mtu wa Kasongo kwa asili yake, Mwislamu mtaratibu. Yeye ndiye aliyemshonea Gérard abacost zake zote, makoti yale yasiyo na tai ambayo serikali iliyataka, na hakukubali mume wangu avae ya fundi mwingine. Wakati wa Ramadhani mkewe Mawazo alituletea uji kabla ya sisi kukumbuka kwamba jua limezama. Mama yake Amadi, Bibi Kulthumu, alikaa Likasi kwa binti zake. Gérard alimpeleka Amadi kumwona mara nyingi, na bibi yule alimwita mume wangu mtoto wake wa msalaba.

Safari moja, alipokuwa tayari hawezi kusimama bila kushikwa, alimwambia, "Mualimu, siku yangu ikifika, bantu betu hawatanilaza ndani ya nyumba. Kwetu maiti haingoje. Weye njo utanileteya Amadi, atie udongo kwa mukono yake."

"Gari iko, mama," Gérard akajibu. "Nitamuleta."

Mtu asidhani ni ahadi ndogo. Amadi alikuwa mwanawe wa pekee wa kiume.

Mwaka wa 1976 petroli iliadimika. Reli ya kwenda baharini kupitia Angola ilikuwa imefungwa kwa vita, na vitu vingi vilitufikia kwa kuzunguka au havikutufikia. Penye pampu watu walilala ndani ya magari. Zamu yako ikifika, ulipewa lita kumi, uwe na gari dogo au kubwa. Watu wa Lubumbashi hawakosi la kuchekea. Kabla ya shida, mtu aliyetaka kujaza tangi alisema "plein", yaani tele, mpaka mwisho. Sasa mtu wa pampu alitia lita kumi zile, akachomoa mpira na kusema, "Plein yako njo hii, citoyen," yaani ndiyo hii. Neno likashika. Mwaka haukwisha kabla mji mzima haujaita lita kumi plein, na walioanza kwa utani wakasahau kwamba ni utani. Gérard hakulitumia hata siku moja. Kwake plein ilikuwa arobaini.

Kaka yake mkubwa, yaya Paulin, kama tunavyowaita wakubwa kwetu, alifanya kazi katika ofisi za kampuni ya shaba na kukaa mtaa wa Katuba. Baba yao alikufa Gérard akiwa mdogo. Paulin ndiye aliyemwosha, aliyemvisha, aliyemshika mkono kumpeleka shule. Kwa hiyo Paulin alipoomba gari ili atembeze wageni wake, halikuwa ombi. Alikaa nalo tangu Ijumaa. Jumatatu asubuhi alilirudisha, akaegesha mbele ya mlango wetu, akashuka amevaa miwani ya jua.

"Gari yako njo hii. Nilifanya plein."

"Aksanti, yaya," Gérard akasema. Kwa mazoea tu, mkono wake ukaenda ukutani kuchukua kijiti. Alikuwa amekwisha kufungua boneti.

Paulin alivua miwani. "Unafanya nini?"

"Napima tu, yaya. Njo desturi yangu."

"Unanipima miye?" Alicheka, lakini macho yake hayakucheka. "Mama Delphine, kuya uone! Mutoto niliyemuosha matako anapima mukono yangu. Kesho nikimuletea nyama, ataenda kuipima kwa mizani ya soko."

Kwetu hatuhesabu alicholeta mkubwa mbele ya macho yake. Sahani ikirudi na kitu, unapokea kwa mikono miwili, na kuangalia utaangalia akishaondoka. Nililelewa hivyo, na watoto wangu nimewalea hivyo. Gérard alifunga boneti. Alikiegemeza kijiti ukutani.

"Unisamehe, yaya. Tuingie tunywe chai."

Chai hatukuinywa. Amadi aliingia uani bila viatu, na nyuma yake mtu wa reli ambaye alikuwa ameleta habari. Bibi Kulthumu alikuwa amefariki usiku huko Likasi. Shehe amekubali kumngoja Amadi hadi sala ya alasiri, si zaidi.

"Mualimu," Amadi alisema, akaligeukia gari.

"Panda," Gérard akamwambia.

Tulipanda wanne: wao wawili mbele, mimi na Mawazo nyuma. Yaya Paulin alisimama mlangoni akatupungia mkono, akaita, "Muende bila wasiwasi, essence iko!" yaani petroli ipo. Kijiti kilibaki ukutani.

Tukitoka mjini tulipita penye pampu. Kwa bahati ambayo sijawahi kuielewa, foleni siku ile ilikuwa fupi, magari machache tu. Amadi aliigeukia. "Hatuongeze kidogo?"

"Haina lazima. Yaya alifanya plein. Makumi ine inatupeleka Likasi, inaturudisha, na inabakia."

Njiani Amadi alianza kusimulia habari za mama yake, jinsi alivyomchapa kwa kuiba sukari kisha akamlambisha sukari ili anyamaze. Mawazo alicheka na kulia pamoja. Tulikuwa na wakati. Jua lilikuwa bado upande wa asubuhi tulipopita Luisha, na Gérard alisema tutafika kabla maiti haijaoshwa.

Mbele kidogo ya Luisha, gari lilinyamaza.

Halikukohoa. Ninasisitiza hilo. Injini ilikuwa inaimba, kisha kukawa na upepo tu. Gérard alinyoosha mguu haraka kusukuma robine upande wa akiba. Niliuona mguu wake ukienda, nikauona ukisimama. Robine ilikuwa tayari upande wa akiba. Mtu mwingine alikuwa ameisukuma kabla yake, siku nyingine, akatia lita zake kumi, akazunguka nazo mjini, wala hakuirudisha.

Alikaa akiushika usukani wa gari lililosimama. Nilimwona kwenye kioo. Alikuwa ameelewa yote, mara moja, kama anavyoelewa hesabu ubaoni.

"Ni nini?" Amadi akauliza.

"Essence imeisha."

"Si ulisema plein?"

Gérard alifungua mlango akashuka.

Lori la kwanza lililopita lilikuwa linashuka Lubumbashi. Dereva alisimama, mtu mwema, akasikitika nasi kwa dhati. "Mazout ya lori minayo mingi, baba. Essence, hata ya kutoa doa ya shati haiko." Magari madogo hayakuwepo, nani angekuwa na petroli ya kwenda safari? Amadi alianza kutembea. Gérard alitembea naye, wakaenda mpaka nikawaona wadogo, halafu wakarudi, kwa sababu Likasi haikuwa mahali pa kufika kwa miguu siku ile. Amadi aliketi kwenye ukingo wa barabara, akageukia upande wa Likasi. Saa sita ilipita. Mawazo alitandika kanga yake akaswali pale kwenye vumbi, na mimi nikasali rozari yangu, na barabara ikabaki tupu.

Lori la makaa la kwenda Likasi lilipotokea, vivuli vilikuwa vimerefuka. Amadi na mkewe walipanda juu ya magunia. Gérard alimshika Amadi mguu akiwa anapanda, akasema, "Watakungoja." Amadi hakutazama chini.

Hawakumngoja. Walikuwa wamengoja zaidi ya walivyoweza, na joto lilikuwa kali. Alipofika makaburini watu walikuwa wananawa mikono.

Sisi tulilala ndani ya gari, na kesho yake padre mmoja wa misheni alitupa petroli ya kutufikisha Likasi. Mazishi yalikuwa yamekwisha. Dada zake Amadi walitupa salamu kwa adabu, wakatuonyesha mkeka wa mbali.

Amadi aliporudi Kampemba, watu walikuja kwake kumpa pole, Waislamu na sisi wengine. Yaya Paulin alikuja pia, amevaa vizuri, akaketishwa kwenye kiti. Nilikuwa upande wa wanawake, lakini ua ule ni mdogo na kila neno lilinifikia. Amadi hakupandisha sauti. Alimuuliza mume wangu kama mtu anayeomba maji.

"Mualimu, siku zote unapima. Hata tukienda tu pale posta, unapima. Siku ya mama yangu, juu ya nini haukupima?"

Gérard alimtazama kaka yake. Alimtazama kwa muda, kwa heshima, akimpa nafasi. Ilitosha Paulin aseme neno moja: mimi nilimkataza. Lilikuwa neno jepesi. Lisingempunguzia chochote.

Paulin alikohoa. "Miye nilimurudishia gari na plein. Bibi yake, Mama Delphine, alisikia. Kama essence iliisha, mumuulize mwenyewe iliishia wapi."

Sijui kama alijua anachokifungua. Katika mwaka ule kila mtu mtaani alimjua mtu aliyenyonya petroli kwa mpira na kuiuza kwa chupa. Minong'ono ilizunguka mikeka papo hapo.

"Ni miye sikupima," Gérard akasema.

"Eee! Mualimu wa hesabu!" mwanamke mmoja akasema nyuma yangu, na wengine wakacheka kwenye viganja.

Usiku ule sikumwacha alale. Nilimwambia, "Robine ilikuwa upande wa akiba. Niliona."

"Uliona vizuri."

"Basi sema. Kesho asubuhi nenda kwa Amadi, useme."

"Nikisema, nimemuvua yaya nguo mbele ya bantu. Njo yeye alinivalisha."

"Na wewe unabaki umevaa nini?"

Alifikiri kweli, kama mtu aliyeulizwa swali la haki. "Amadi ananijua," akasema. "Atafikiri, ataelewa mwenyewe. Tumupe wakati."

Nilinyamaza pamoja naye. Kwetu mambo ya nyumba hayatoki mlangoni, na Paulin alikuwa nguzo ya nyumba. Nilidhani wakati ule kwamba jina la ukoo ni moja, na likitunzwa limetunzwa kwa wote.

Amadi hakuelewa mwenyewe. Angeelewaje? Alihama na cherehani yake kwenda Sakania, kule mpakani, kushonea watu wa reli. Hakuja kuaga, Mawazo alikuja peke yake, akasimama mlangoni, akanikumbatia, hakuingia. Abacost ya mwisho ya Gérard ilibaki bila kifungo kimoja, naye hakuruhusu fundi mwingine aiguse. Shuleni walimchorea gari ubaoni, na chini yake maneno mawili yale ya Kifaransa. Aliyafuta, akaandika tarehe, akafundisha. Lakini somo la tangi hakulifundisha tena. Mwalimu aliyeheshimiwa Kampemba yote akawa mtu wa kupita kando ya ukuta. Gari aliliwasha mara chache ili lisife, na kila alipoliwasha alipima kwanza, akitazama huku na huku kama mwizi.

Alikufa kwa kifua, mvua za kwanza zilipoanza, akiwa bado hajafikia umri wa kustaafu. Katika siku zake za mwisho aliniuliza mara mbili kama kuna mtu amefika kutoka Sakania.

Baada ya matanga, yaya Paulin alikuja na wazee wawili wa ukoo kuchukua gari, kama desturi inavyompa haki mkubwa. Sikubisha. Nilikwenda ukutani, nikachukua kijiti, nikamletea mbele yao wote kwa mikono miwili.

"Pima, yaya."

Alikitazama. Alizeeka mbele yangu, na nikadhani, Mungu anisamehe, kwamba sasa atasema. Wazee walikuwa wanatungoja bila kuelewa.

"Bantu bamesahau, Mama Delphine," akasema polepole. "Ukifukua, ni sisi bote tutanuka."

"Mume wangu hakusahau."

"Mwanamuke haniambie kupima." Aliingia garini, akawasha, akaondoka.

Mwezi ule nilifanya jambo ambalo Gérard asingelifanya. Dada mmoja wa parokia yetu, Léonie, alikuwa anasafiri kwa treni kwenda Sakania kufanya biashara yake ndogo. Nilimketisha nikamwambia yote, jina kwa jina: aliyesukuma robine, aliyesema plein, aliyekataza kijiti, aliyenyamaza uani ili kumsitiri kaka yake. Nilimfanya ayarudie maneno mpaka akayashika. Nilimwambia amweleze pia Amadi kwamba mwalimu alimuulizia hadi mwisho.

Alirudi baada ya wiki mbili. Alimkuta Amadi kwenye kibaraza chake, miguu kwenye cherehani, na alimweleza yote bila kupunguza. Amadi alimsikiliza mpaka mwisho, huku ameshika kitambaa chini ya sindano.

"Halafu alisema nini?" nikauliza.

Léonie alikunja pindo la kitenge chake. "Alisema, salamu zimefika."

"Na nini tena?"

"Ni ile tu, mama. Akaendelea kushona."